Maadili ya kanisani na maadili bila Mungu: mtoto alelewe kwa msingi upi?

Ukitaka kujua kama gorogoro, lile bati la kupimia nafaka sokoni, imechezewa, usiitazame kwa juu. Ingiza mkono mpaka kwenye kitako. Ikiwa imegongwa kwa nyundo, vidole vitakutana na kilima kidogo katikati ya bati, na kilima hicho ndicho faida ya muuzaji: kila kipimo unacholipia kimepungua konzi ya mahindi.

Jirani yangu hapa Nyalenda, mtaa wa Kisumu, alimfundisha bintiye wa miaka kumi ujanja huo Jumapili moja, mama mtu akiwa kwaya. Gorogoro ya kwanza tu waliyoipapasa ilikuwa na kilima. Muuzaji alikuwa amejifunga leso ya kikundi cha akina mama wa kanisa lake, aya ya Biblia imechapwa pindoni. Njiani kurudi mtoto akauliza, "Baba, kwani huyo mama hajui Mungu anamwona?" Baba, ambaye ni fundi wa maabara na huu ni mwaka wa sita hajakanyaga kanisani, akamjibu kwa swali: "Na kama hakuna anayemwona, ingekuwa sawa?"

Swali lilifika nyumbani kabla ya mahindi. Mama akasema mtoto anatiwa sumu. Baba akasema mtoto anafundishwa kufikiri. Darasa la kipaimara lilikuwa linaanza mwezi uliofuata na jina la binti lilikuwa halijaandikwa, basi wakaniletea shauri. "Shemeji, wewe huna upande," mama akasema. Nina upande kidogo. Nimekulia ACK, kanisa la Anglikana la Kenya, siku hizi naonekana kanisani Krismasi na kwenye mazishi, na mazishi hayanikosi kwa sababu mimi ndiye mweka hazina wa kamati ya matanga mtaani. Lakini nilikaa nao jioni nyingi, na haya ndiyo tuliyoyapima. Nayaandika kwa ajili ya nyumba nyingine zenye kesi kama hiyo. Zipo. Sensa ya 2019 ilihesabu Wakenya zaidi ya 755,000 waliosema hawana dini, karibu watu 1.6 katika kila mia, na wengi wao bila shaka wameoa au wameolewa na mtu wa kwaya.

Neno moja kabla sijaendelea. Kamusi inatupa "mkanamungu", na sokoni neno hilo ni tusi, kama mwizi au mchawi. Nitasema "asiyeamini". Linatosha.

Kila upande unasema nini

Kanisa linasema mema na mabaya yanatoka kwa Mungu. Yanajulikana kwa Biblia, kwa dhamiri na kwa mafundisho, na kila mtu ana thamani kwa kuwa ameumbwa kwa mfano wa Mungu, Mwanzo 1:27. Hata gorogoro imo. Mithali 11:1: "Mizani ya hadaa ni chukizo kwa Bwana."

Asiyeamini anasema hakuna aliyeamuru. Ubaya wa kitendo uko kwenye yale yanayompata anayetendewa, na akili tulizo nazo zinatosha kuuona tukikaa chini tukazungumza. John Stuart Mill, Mwingereza, aliandika mwaka 1863 kwamba tendo lipimwe kwa furaha linayoleta na maumivu linayosababisha, ya kila mtu, si ya mtendaji peke yake. Immanuel Kant, Mjerumani wa karne ya 18, aliamini Mungu lakini akataka maadili yasimame kwa miguu ya akili, na yeye angeuliza: kila muuzaji akigonga gorogoro yake itakuwaje? Itakuwa gorogoro si kipimo tena, ni bati tu, na hila yenyewe itakosa wa kumhadaa. Mwenye gorogoro ya kilima anaishi kwa jasho la wenye gorogoro nzima. Binti alilielewa hili upesi kuliko wazazi wake.

Ni vibaya kwa sababu kumekatazwa?

Swali la baba pale njiani lina umri wa miaka zaidi ya 2,300. Plato alimwonyesha Socrates akilisumbua jamaa mmoja aliyejiona mcha Mungu sana. Kwa lugha ya soko letu ni hivi: kuiba ni vibaya kwa sababu Mungu amekukataza, au Mungu amekukataza kwa sababu ni vibaya?

Shika jibu la kwanza, na amri ikigeuka wema nao unageuka. Hapo wakosoaji wa Ukristo hufungua 1 Samweli 15:3, ambapo Sauli anaagizwa awaue Waamaleki, wanaume kwa wanawake, watoto na wanyonyao. Au hufungua Mwanzo 22, Ibrahimu akimpandisha mwanawe mlimani. Jioni tuliyofika hapo mama alinyamaza kidogo, kisha akasema, "Lakini kondoo alipatikana." Mumewe akamjibu taratibu, "Mama Watoto, kisu kilikuwa kimeshainuliwa." Binti alikuwa amekaa pale pale akimenya viazi, na mimi nilitamani tungekuwa tumemtuma dukani.

Shika jibu la pili, na Mungu anakuwa mwalimu wa wema au shahidi wake, lakini wema wenyewe unasimama bila yeye, na mwanafunzi mwingine anaweza kuufikia kwa njia nyingine.

Kanisa lina jibu la tatu, na ni zuri kuliko wapinzani wengi wanavyokiri. Wema si amri aliyoitunga Mungu kwa kupenda kwake, wala si kitu kilicho nje yake. Ni hulka yake. Thomas Aquinas alilifikiria hilo vizuri katika karne ya 13: Mungu ni wema wenyewe, basi hawezi kuamuru ukatili kama vile moto hauwezi kuwa baridi. Nimelizungusha jibu hili kichwani sana. Linaniondolea wasiwasi wa Mungu mwenye amri za ovyo. Halinisaidii siku ambayo nina amri mkononi na sijui kama imetoka kwake, maana lazima niipime kwa kitu, na kitu hicho ni dhamiri na akili, zile zile anazotumia asiyeamini. Kila Mkristo ninayemfahamu atakwambia agizo la Waamaleki lilikuwa la wakati ule tu. Kipimo alichotumia kusema hivyo hakukipata ndani ya 1 Samweli 15.

Na Biblia yenyewe haikatai. Warumi 2:14-15 inasema watu wa mataifa wasio na torati hufanya ya torati kwa tabia yao, imeandikwa mioyoni mwao. Katika Luka 10 kuhani na Mlawi wanampita majeruhi, anayesimama ni Msamaria, mtu wa dini iliyodharauliwa. Yesu angeweza kuisimulia hadithi hiyo kwa namna nyingine. Hakutaka.

Huku kwetu kuna kisa kingine ninachokipenda. Okot p'Bitek, mshairi wa Kiacholi aliyefanya kazi hapa Kisumu mwishoni mwa miaka ya 1960 na kuandaa tamasha la sanaa mjini mwaka 1968, alisimulia jinsi mapadre wa Kiitaliano walivyowauliza wazee wa Kiacholi mwaka 1911, "Nani aliwaumba?" Swali halikuingia katika lugha. Likageuzwa: nani aliwafinyanga? Wazee wakasema mtu huzaliwa na mama yake. Mapadre wakazidi kushikilia, mpaka mzee mmoja akakumbuka kwamba mtu akiota kibyongo, anayemfinyanga hivyo ni Rubanga. Jina la pepo wa kibyongo likawa jina la Mungu, na likaingia kwenye sala. Watu hucheka hapo. Mimi nawafikiria wale wazee, ambao walikuwa na mwiko wa wizi, na adabu kwa mgeni, na taratibu za kulipa damu iliyomwagika, yote hayo bila kuwahi kujiuliza nani aliumba.

Katika raundi hii naona asiyeamini yuko mbele, na si kwa kidogo.

Jehanamu, chira na mtu wa vipimo

Bertrand Russell alitoa hotuba Battersea, London, mwaka 1927, akaeleza kwa nini si Mkristo. Kwake dosari kubwa ya kimaadili ilikuwa fundisho la jehanamu: adhabu isiyo na mwisho haiwezi kutoka kwa mwenye huruma. Wakosoaji wa leo wanaongeza kwamba mtoto anayeacha kuiba kwa kuogopa moto hajajifunza uaminifu, amejifunza kuogopa moto.

Sisi wa Nyanza tunaijua hofu ya namna hiyo kwa jina la zamani zaidi. Dani, yaani nyanya yangu, hakututisha kwa jehanamu, alitutisha kwa chira. Ukipanda kabla ya wakubwa wako bomani kupanda, ukijenga bila kufuata utaratibu, ukivunja kwer, yaani mwiko, mwili unakonda mpaka unaisha. Ilifanya kazi. Hakuna aliyekuwa anarusha mbegu kabla ya mama mkubwa. Ila hofu ina tabia moja mbaya: inakupa maelezo kabla hujachunguza. Ukimwi ulipoingia huku miaka ya 1980 na 1990, watu walikonda, na wengi wakasema ni chira, wakatafuta manyasi, dawa za mitishamba. Baadhi ya wahubiri nao wakasema ni adhabu ya zinaa. Maelezo mawili, ya mila na ya mimbari, na katika yote mawili mgonjwa ndiye mkosaji. Nimeandika majina ya wajomba wawili kwenye daftari la matanga la miaka hiyo, na safu ya sababu ya kifo iliachwa wazi.

Haki itendeke: hospitali za misheni zilikuwa miongoni mwa zile zilizogawa dawa za kupunguza makali zilipofika, na masista waliosafisha vidonda hawakuuliza nani alifanya zinaa na nani.

Mama naye alikuwa na jibu, tena kutoka Biblia, 1 Yohana 4:18: "Katika pendo hamna hofu." Akasema yeye hakumlea binti yake kwa moto hata siku moja. Nikakumbuka, ni kweli. Mtoto yule anamwimbia Mungu kama mtu anavyomwimbia babu anayempenda. Kwa hiyo mkosoaji anapoupiga Ukristo wa moto, ampige mwenye moto. Wapo wengi, baadhi wana vipaza sauti Kondele mpaka usiku wa manane, lakini si wote.

Asiyeamini asijisifu sana. Yeye pia anatembea na hofu zake: kuumbuliwa, polisi, afisa wa vipimo na mizani anayepita sokoni. Tofauti anayodai ni kwamba kwake hofu ni ukuta wa nje, si msingi wa nyumba. Sawa. Ila nyumba nyingi nilizoziona zimesimama kwa kuta.

Hapa baba alitaka kupiga bao la tarakimu. Sensa ile ile ya 2019 inasema Wakristo ni kama asilimia 85 ya Wakenya. Katika orodha ya Transparency International ya 2023 Kenya ilipata alama 31 kwa 100, na Denmark, ambako makanisa ni matupu Jumapili nyingi, ilipata 90, ya kwanza duniani. Mama akauliza, "Na Denmark imekuwa ya Kilutheri tangu lini?" Tangu 1536. Baba akacheka, akarudi kwenye chai. Tarakimu hizo zinaonyesha jambo moja dogo: imani kujaa nchini haitoshi kuzuia mkono. Zaidi ya hapo zina utajiri, historia na mahakama ndani yake, na sitaki kuzichezea kama kitako cha gorogoro.

Nani ana haki ya kusamehe

Hili nitalieleza kwa kisa, kwa sababu lilinipata.

Miaka kadhaa iliyopita mtu mmoja tuliyemtuma kukusanya michango ya mazishi alikaa na shilingi 18,400. Marehemu akazikwa kwa mkopo. Mwaka uliofuata yule bwana akaokoka, akasimama kanisani akatoa ushuhuda mzuri sana, machozi yakamtoka, akasema, "Mungu amenisamehe yote." Watu wakapiga makofi. Mjane alikuwa amekaa benchi la nne.

Christopher Hitchens, mmoja wa wakosoaji wakali wa dini mpaka alipofariki 2011, aliliona hili kuwa kosa la msingi, si la mtu mmoja. Naweza kukulipia deni lako nikikupenda, alidai, lakini siwezi kukuondolea jukumu la ulichomfanyia mwingine. Msalaba kwake ulikuwa mbuzi wa kutwikwa dhambi na kufukuzwa jangwani. Siku ile kanisani ningempigia makofi Hitchens.

Lakini pesa zilirudi, na hazikurudishwa na asiyeamini. Mzee mmoja wa kanisa, wa zile familia za uamsho wa Afrika Mashariki, alimwendea yule bwana nyumbani na Luka 19:8. Zakayo hakusema amesamehewa. Alisema atamrudishia kila aliyemnyang'anya mara nne. Wazee wa uamsho ule, ulioanzia Rwanda na kuenea mpaka huku kwetu kabla ya uhuru, walijulikana kwa jambo hilo: mtu akiokoka alibeba jembe aliloiba miaka kumi iliyopita akalirudisha mchana, watu wakimwona. Yule bwana alimtumia mjane shilingi 2,000 kila mwezi kwa M-Pesa mpaka deni likaisha. Mara nne haikufika. Hata hivyo.

Basi kitabu kimoja kilimpa mtu mmoja pazia la kujifichia na kamba ya kuvutwa kutoka nyuma ya pazia. Mathayo 5:24 inasema uache sadaka yako madhabahuni uende upatane na ndugu yako kwanza. Ukichagua kanisa, angalia kama aya hiyo inahubiriwa siku ya mavuno, au siku hiyo huhubiriwa zaka tu.

Historia haina mtu msafi

Kutoka 21:20-21 inamwacha bwana bila adhabu kama mtumwa aliyempiga ataishi siku moja au mbili, kwa kuwa ni mali yake. Waefeso 6:5 inawaambia watumwa wawatii mabwana. Wakristo wa kusini mwa Marekani walizisoma hizo na nyingine, na mwaka 1845 Wabaptisti wa huko wakajitenga na wenzao wakitetea wenye watumwa. Waliomba radhi mwaka 1995, baada ya miaka 150.

Sasa tazama wengine waliosoma kitabu hicho hicho. Mwaka 1776 Marafiki wa Philadelphia, wale tunaowaita Quakers, waliamua kwamba anayeng'ang'ania kumiliki watumwa hawezi kuwa mshirika wao. Mwaka 1902 Wamarekani watatu wa dhehebu hilo walifika Kaimosi, na leo Kenya ina Quakers wengi kuliko nchi nyingine yoyote, wengi wao Vihiga, Kakamega na Bungoma. Hukumu ya asiyeamini ni kwamba kitabu ni kimoja, maamuzi ni mawili, kwa hiyo kilichoamua si kitabu. Mimi naipunguza kidogo: kitabu hakikuamua peke yake. Ila Marafiki wale wangekuambia kwamba bila "mfano wa Mungu" wasingekuwa na neno la kumwambia mwenye watumwa aliyekuwa tajiri, msomi na jirani yao.

Rwanda 1994, watu walikimbilia makanisa ya Nyamata na Ntarama wakauawa humo humo, katika nchi iliyokuwa ya Wakristo karibu yote. Kambodia kati ya 1975 na 1979, utawala uliopiga marufuku dini uliangamiza zaidi ya watu milioni moja na nusu. Nikitaja Rwanda, mama husema hao hawakuwa Wakristo wa kweli. Nikitaja Kambodia, baba husema ile ilikuwa siasa, si kutoamini. Ni kisingizio kimoja kimevaa mashati mawili. Nyumbani kwao sasa kuna sheria: anayekitumia amruhusu na mwenzake.

Anayeongoza akikosea

Mwaka 2023, katika msitu wa Shakahola kule Kilifi, ilifukuliwa miili zaidi ya 400 ya waumini na watoto wao walioambiwa wafunge kula wakutane na Yesu. Kwa anayelinganisha, swali ni moja: nani alikuwa na ruhusa ya kumwambia mhubiri amekosea? Mahali ambapo kila pingamizi linaitwa jaribu la shetani, hakuna.

Ubaya ni kwamba wenye akili nao hupotea kwa kundi. Indiana, Marekani, ilipitisha mwaka 1907 sheria ya kuwahasi watu walioitwa dhaifu wa akili, na wasomi na madaktari wa wakati huo waliona hayo ni maendeleo ya sayansi. Papa Pius XI alilipinga jambo hilo waziwazi mwaka 1930. Nilipomweleza baba alikaa kimya muda mrefu kuliko mkewe alivyokaa juu ya Waamaleki.

Ijumaa ya matanga

Hapa ndipo mizani inapoinamia upande mwingine, na wasioamini wengi wa mjini hawajui, kwa sababu bado hawajazika.

Mtu akifa Jumatatu, kufika jioni kanisa limeshatuma watu. Kuna anayeleta sufuria, kuna wanaokesha na kuimba, kuna anayejua maneno ya kusema mbele ya jeneza la mtoto. Maneno hayo yamesemwa mara nyingi mpaka yamelainika, mtu anayashika hata akiwa hana akili timamu. Asiyeamini ana hoja nzuri sana kuhusu Plato. Hana sufuria.

Sisemi kwa kejeli. Peter Singer, mwanafalsafa asiyeamini, aliandika 1972 kwamba ukimwona mtoto anazama kidimbwini utaingia hata nguo zako zikichafuka matope, na kwamba umbali haubadilishi wajibu huo. Ni dai zito kuliko mahubiri mengi niliyoyasikia. Lakini mto Nyando unapofurika na watu wa tambarare ya Kano wakapanda na magodoro yao barabarani, naona wamama wa kanisa na sufuria zao kabla sijamwona mwanafalsafa. Wema unahitaji ratiba, funguo za ukumbi, na mtu wa kupigiwa simu.

Friedrich Nietzsche, ambaye naye hakuamini, aliwacheka watu waliomtupa Mungu wa Kikristo wakabaki na maadili yake, kana kwamba unaweza kubomoa nyumba ukabaki na paa. Sioni kama ana haki yote. Jirani yangu hajaiba, hajampiga mkewe, na wikendi hupima damu bure kwenye kambi za afya. Lakini nilipomuuliza nani alimfundisha hayo, alitaja mama yake, na mama yake alikuwa msomaji wa masomo kanisani kwao Yala. Kama kuna wajukuu wa wajukuu walioishi hivyo bila kuonja kanisa kabisa, huku kwetu bado hatujawaona. Denmark labda.

Basi uchague vipi

Kama kinachokusumbua ni "kwa nini", yaani unataka sababu itakayosimama mbele ya mtoto mwenye maswali, mbele ya Mwislamu na mbele ya hakimu, chagua msingi wa wasioamini. Hauombi mtu akubali kitabu chako kwanza. Hata ukibaki Mkristo, utautumia huo huo kuchagua aya za kutii.

Kama kinachokusumbua ni mkono wako mwenyewe, yaani unajua lililo sawa na hulifanyi, nenda kanisani. Hoja haijawahi kumwamsha mtu saa kumi alfajiri akaoshe maiti ya jirani. Nenda lile ambalo hesabu za pesa zinasomwa hadharani na mchungaji anaweza kuulizwa.

Kwa mtoto, jueni kwamba shule nyingi hufundisha CRE, somo la dini ya Kikristo. Katiba ya 2010 inamtaja Mungu Mwenyezi katika dibaji, ikasema katika Ibara ya 8 kwamba nchi haina dini ya serikali, na katika Ibara ya 32 ikampa kila mtu uhuru wa dhamiri. Nchi nzima imekaa kama ile nyumba ya jirani.

Wao walikubaliana hivi. Binti anahudhuria darasa la kipaimara na mama. Jumapili jioni baba anamwuliza walichofundishwa, na ana ruhusa ya kuuliza swali lolote ila si kucheka. Kuwekewa mikono na askofu kutasubiri mpaka aseme mwenyewe. Dani yake wa Yala hajafurahi, amesema mtoto haachwi ajichagulie jina wala dini. Ameendelea kumwombea.

Lililobaki ni la kamati yangu. Nilimwambia baba: wewe usiye mshirika popote, andika mapema nani atasimamia mazishi yako, nani atasema, na kama sala zitakuwepo. Usipoandika, wajomba wataamua usiku mmoja, na mkeo ataachiwa aibu. Aliandika ukurasa mmoja kwa mkono: rafiki yake wa maabara aongoze, mahubiri yasiwepo, sala ya nyumbani ya mama yake iruhusiwe. Mkewe aliusoma, akauliza jambo moja tu, kama kwaya inaweza kuimba.

Bwana huyo kabla ya kuacha kanisa alikuwa besi. Akachukua kalamu akaongeza chini: kwaya iimbe, na watafute besi mbili, moja haitoshi.